Ukichujwa kwa kukosa sifa: namna ya kupinga vigezo vya ajira ya serikali nchini Uganda

Mwombaji wa kazi ya serikali anayechujwa kwa madai ya kukosa sifa huwa na swali moja kichwani: ni nani aliyepewa nafasi ile, na kwa nini si yeye. Swali hilo linaeleweka, lakini mbele ya sheria huja mwisho, na watu wengi wenye madai mazuri wameyapoteza kwa kuanza nalo. La kuanza nalo ni hili: sifa iliyokutoa ilitoka wapi, na aliyeiweka alikuwa na mamlaka ya kuiweka? Mwongozo huu unafuata njia hiyo tangu siku tangazo linapotoka hadi amri ya Mahakama Kuu, kwa mtu anayeomba kazi wizarani, wilayani au katika manispaa.

Tafuta chimbuko la sifa

Sifa zinazoandikwa kwenye tangazo hazina uzito mmoja. Zipo zilizowekwa na Katiba au na sheria ya Bunge. Daktari, kwa mfano, hawezi kufanya kazi ya udaktari bila kusajiliwa na baraza la taaluma yake, na hakuna tume inayoweza kumwondolea sharti hilo hata ikitaka. Anayepinga sifa ya aina hii anapinga sheria yenyewe, na ikiwa hoja yake ni kwamba sheria hiyo inakiuka Katiba, mahali pake ni Mahakama ya Katiba kwa mujibu wa ibara ya 137, safari ndefu ambayo simshauri mtu aianze kwa ajili ya nafasi moja ya kazi. Zipo pia sifa zinazotokana na miundo ya utumishi na maelezo ya kazi yanayotolewa na Wizara ya Utumishi wa Umma. Hizi zina nguvu kubwa, ingawa zinaweza kupingwa pale zinapotumiwa kinyume cha maneno yake. Na zipo zilizoongezwa na ofisi iliyoandika tangazo, wakati mwingine kwa nia njema ya kupunguza maombi, wakati mwingine kwa kumpimia mtu fulani nguo.

Kundi hili la mwisho ndilo lenye migogoro mingi, na ndilo ambalo mwombaji ana nafasi nzuri zaidi ya kushinda. Ibara ya 200 ya Katiba inazipa tume za utumishi za wilaya mamlaka ya kuajiri watumishi wa wilaya, lakini ibara hiyohiyo inataka masharti ya utumishi wao yalingane na yale yaliyowekwa na Tume ya Utumishi wa Umma kwa watumishi wote wa serikali. Wilaya haina uhuru wa kujitungia ngazi ya elimu inayopenda kwa cheo ambacho tayari kina maelezo yake ya kitaifa.

Njia rahisi ya kulibaini jambo hili ni kuweka matangazo mawili mezani. Chukua tangazo la wilaya yako, kisha tafuta tangazo la wilaya nyingine, au la Tume ya Utumishi wa Umma yenyewe, kwa cheo hichohicho na ngazi ileile ya mshahara. New Vision na Daily Monitor huyachapa mara kwa mara, na ngazi ya mshahara huandikwa karibu na jina la cheo. Tuseme cheo ni Katibu Msaidizi Mwandamizi, yule anayesimamia utawala wa kaunti ndogo. Utaona kwamba matangazo hutaja shahada ya kwanza katika fani fulani, na mara nyingi cheti cha kozi ya sheria kwa maafisa utawala. Kama tangazo la wilaya yako peke yake linadai shahada ya uzamili, umepata pa kushika. Kama matangazo yote yanasema hivyo, tatizo lako si wilaya, na nguvu zako zielekeze kwingine.

Soma maneno madogo

Kuna maneno machache ambayo huzaa ugomvi kila mwaka, nayo yanastahili kusomwa polepole.

La kwanza ni sharti la shahada ya daraja la heshima (honours). Matangazo mengi ya Tume ya Utumishi wa Umma hutaka shahada ya kwanza ya daraja hilo, na mtu aliyehitimu kwa daraja la pasi hutolewa hata kama ana uzoefu mrefu na shahada ya uzamili juu yake. Waombaji huona huu ni uonevu, lakini sharti likiwa limetajwa wazi na limo katika maelezo ya kazi, mahakama haitalifuta kwa sababu tu ni kali. Hoja huwepo pale sharti lisipokuwemo kwenye tangazo, kisha kamati ya kuchuja ikalitumia baada ya tarehe ya mwisho.

La pili ni maneno “au sifa inayolingana nayo”. Hapa ndipo wanaoumia zaidi ni waliosoma nje ya Uganda, wakiwemo wasomaji wengi wa Kiswahili waliopitia shule za Kenya au Tanzania na kurudi nyumbani Busia, Tororo, Arua au Kampala. Aliyemaliza sekondari Kenya chini ya mfumo wa 8-4-4 hana cheti cha kidato cha sita, kwa kuwa mfumo ule haukuwa na kidato hicho. Akiingia chuo kikuu moja kwa moja na kupata shahada, bado anaweza kukutana na karani wa Uganda anayemdai UACE, yaani cheti cha Uganda cha kidato cha sita. Karani huyo hana mamlaka ya kuamua ulinganifu. Kazi hiyo kwa vyeti vya shule hufanywa na Baraza la Taifa la Mitihani, yaani UNEB, na kwa vyeti vya vyuo hufanywa na Baraza la Taifa la Elimu ya Juu, ambalo liliundwa chini ya sheria ya vyuo vikuu ya mwaka 2001. Barua ya ulinganifu kutoka kwa mabaraza haya iombe mapema, kabla hujaona tangazo lolote, kwa sababu haipatikani kwa siku moja na tume haikungojei. Ukiwa nayo mkononi na bado ukachujwa kwa madai kwamba cheti chako hakilingani, tume imejivika madaraka ya chombo kingine, na hilo ni kosa la kisheria lililo wazi. Unaweza kuongezea Itifaki ya Soko la Pamoja la Afrika Mashariki, iliyoanza kutumika Julai 2010, ambayo ibara yake ya 11 inazungumzia kutambuana kwa vyeti vya elimu na taaluma miongoni mwa nchi wanachama. Iweke kama hoja ya kusaidia. Usiifanye mhimili wa kesi, kwa sababu itifaki haichukui nafasi ya barua ya ulinganifu.

Kumbuka pia kwamba mzigo wa kuthibitisha vyeti uko kwako. Katika rufaa ya uchaguzi ya Abdul Balingira Nakendo dhidi ya Patrick Mwondha ya mwaka 2007, Mahakama ya Juu ilishikilia kwamba mwenye kudai sifa za elimu ndiye anayepaswa kuonyesha kuwa vyeti vyake ni halali. Kesi ile ilihusu kugombea ubunge, lakini akili yake ni ileile. Jina likiwa tofauti kwenye cheti na kwenye kitambulisho cha taifa, hata kwa herufi mbili, lirekebishe au uape hati ya kiapo kabla ya kuomba. Amina wa cheti na Aminah wa kitambulisho wameshawapa makarani kisingizio cha bure.

La tatu ni uzoefu. Tangazo likisema miaka mitatu katika cheo fulani serikalini “au uzoefu unaolingana kutoka taasisi inayoheshimika”, mfanyakazi wa shirika lisilo la serikali ana haki ya kufikiriwa, na kumtoa kwa sababu tu hakuwahi kuajiriwa na serikali ni kulisoma tangazo nusunusu. Kwa upande mwingine, mtumishi aliyekaimu cheo kwa muda mrefu asidhani kukaimu kumempa sifa asiyokuwa nayo.

Omba kazi hata kama unapinga sharti

Huu ndio ushauri ambao watu huupokea kwa shingo upande. Kanuni za mapitio ya mahakama, yaani kesi ya kuiomba Mahakama Kuu ikague uhalali wa uamuzi wa chombo cha serikali, kama zilivyorekebishwa mwaka 2019, zinamtaka mlalamikaji awe na maslahi ya moja kwa moja au ya kutosha katika jambo analolalamikia. Aliyeketi nyumbani kwa kuwa aliona sharti si halali atajibiwa kwamba hakuwahi kuwa mwombaji. Kwa hiyo jaza fomu, ambatisha ulichonacho, na kabla ya tarehe ya mwisho mwandikie katibu wa tume barua fupi ya kuuliza chimbuko la sharti. Barua itaandikwa kwa Kiingereza, kwa kuwa ndicho kinachotumika maofisini na mahakamani, ingawa Kiswahili kimo katika Katiba kama lugha rasmi ya pili tangu marekebisho ya mwaka 2005 (makarani wa masjala hawajapata habari hiyo). Kiini chake kiwe hivi:

“Ninarejelea tangazo lenu la tarehe fulani kuhusu nafasi fulani. Sharti la tatu linadai shahada ya uzamili. Ninaomba kujulishwa sharti hilo limetolewa katika waraka gani wa Wizara ya Utumishi wa Umma au katika sheria gani, kwa kuwa matangazo mengine ya cheo hichohicho hayana sharti hilo. Ombi langu la kazi limewasilishwa bila kuathiri haki yangu ya kupinga sharti hili.”

Barua haina matusi, haimtaji mtu, na haidai kuwa nafasi imeuzwa. Ikijibiwa, umepata waraka wa kuuchunguza. Isipojibiwa, ukimya huo utauambatisha kwenye kiapo chako.

Kuhusu fomu yenyewe: ajira nyingi za wilaya hutumia fomu namba 3 ya Tume ya Utumishi wa Umma, inayojazwa nakala tatu zenye picha na nakala za vyeti. Tengeneza nakala ya nne. Zifikishe zote masjala, na nakala yako igongwe muhuri wa kupokelewa wenye tarehe. Karani akisema hagongi nakala ya mwombaji, mwombe aandike jina lake na tarehe nyuma ya bahasha yako. Kwa nafasi zinazoombwa kupitia mfumo wa mtandaoni wa tume, hifadhi picha ya ukurasa unaothibitisha kuwa ombi limepokelewa. Hifadhi pia ukurasa mzima wa gazeti, si kipande kilichokatwa, kwa sababu tarehe iko juu ya ukurasa na wakili wa upande wa pili ataitafuta hiyo kwanza.

Orodha ikitoka bila jina lako

Piga picha orodha ya walioitwa kwenye usaili siku hiyohiyo inapobandikwa, tarehe na muhuri vikionekana. Kisha omba sababu kwa maandishi. Ibara ya 42 ya Katiba inampa kila anayefika mbele ya chombo cha utawala haki ya kutendewa kwa uadilifu, pamoja na haki ya kwenda mahakamani kupinga uamuzi uliotolewa dhidi yake. Pamoja na barua hiyo, peleka ombi chini ya Sheria ya Upatikanaji wa Habari ya mwaka 2005 ukitaka vigezo vya kuchuja, alama zako na kumbukumbu za kikao. Afisa habari ana siku 21 za kujibu. Akikataa au akinyamaza, malalamiko hupelekwa kwa Hakimu Mkuu. Usitegemee kupewa alama za waombaji wengine kwa majina, kwa sababu faragha yao nayo inalindwa. Omba vigezo na alama bila majina, na mara nyingi hicho kinatosha.

Unachotafuta katika karatasi hizo ni tofauti kati ya kuwapanga waombaji na kuwabadilishia masharti. Tume yenye maombi mengi kupita kiasi inaruhusiwa kuwapanga wenye sifa na kuwaita walio juu. Haikubaliki kuzaliwa kwa sharti jipya baada ya dirisha la maombi kufungwa, kwa mfano kusema kwamba wataitwa tu wenye leseni ya udereva wakati tangazo halikutaja leseni. Ukilikuta hilo kwenye kumbukumbu za kikao, hiyo ndiyo karatasi ya kwanza kwenye jalada lako.

Pale sharti linapokuwa ubaguzi

Ibara ya 21 inakataza ubaguzi kwa misingi ya jinsia, rangi, kabila, asili, kuzaliwa, dini, hali ya kijamii au ya kiuchumi, msimamo wa kisiasa au ulemavu. Sharti la wilayani linaloshambuliwa zaidi chini ya ibara hii huwa halijaandikwa popote: kwamba kazi ni ya wenyeji. Mwombaji mwenye jina la kabila jingine huulizwa kwenye usaili babu yake alizikwa wapi. Ikiwa uliulizwa hivyo, andika maneno yenyewe siku hiyohiyo, yaliyosemwa na nani na mbele ya nani. Ibara ya 29 inampa kila Mganda haki ya kuishi popote nchini, na tume inayodai ukoo badala ya uraia haina pa kujificha, ingawa ugumu wa kesi hizi uko katika ushahidi zaidi kuliko katika sheria.

Umri ni habari nyingine. Haumo katika orodha ya ibara ya 21, na hapo mawakili wengi hujikwaa. Lakini Sheria ya Tume ya Fursa Sawa ya mwaka 2007 inautaja umri waziwazi miongoni mwa misingi ya ubaguzi ambayo tume hiyo iliundwa kuiondoa. Mwenye lalamiko la kikomo cha umri kisicho na sababu atafika mbali zaidi akianzia kwenye Tume ya Fursa Sawa, ambayo ina mamlaka ya kusikiliza malalamiko kama baraza, kuliko kukimbilia mahakamani na ibara isiyomtaja. Majeshi na polisi wana kisa chao, kwa kuwa kazi yenyewe inadai mwili. Sheria ya ajira nayo inakubali kwamba tofauti inayotokana na mahitaji halisi ya kazi si ubaguzi. Vilevile upendeleo unaowekwa kwa watu wenye ulemavu na kwa makundi yaliyoachwa nyuma una kinga ya ibara ya 32, na kuushambulia ni kupoteza ada.

Rufaa kwanza, lakini saa inakimbia

Kwa uamuzi wa tume ya wilaya, Sheria ya Serikali za Mitaa inaruhusu aliyeathirika kukata rufaa kwa Tume ya Utumishi wa Umma, na uamuzi wa wilaya hubaki na nguvu mpaka rufaa itakapoamuliwa. Maana yake ni kwamba aliyeajiriwa anaweza kuanza kazi wakati wewe bado unasubiri. Penye harufu ya rushwa, Ofisi ya Mkaguzi Mkuu wa Serikali, ambayo kila mtu huiita IGG, inapokea malalamiko. Mpelekee jina la aliyedai fedha, kiasi, na namba ya simu iliyotumika, kwani tuhuma tupu haitafika mbali.

Sasa pana mtego. Kanuni za mapitio ya mahakama za mwaka 2009 zinataka maombi yafunguliwe mara moja, na kwa vyovyote ndani ya miezi mitatu tangu sababu ya malalamiko ilipotokea. Marekebisho ya mwaka 2019 yanamtaka jaji ajiridhishe kwamba mlalamikaji ametumia kwanza njia za ndani. Ukichelewesha rufaa, miezi mitatu inaisha. Ukiiruka rufaa, unaambiwa umekuja mapema. Dawa yake ni kukata rufaa ndani ya siku chache, kuikumbushia kwa maandishi, na kumwona wakili kabla ya mwisho wa mwezi wa pili ili aamue kama afungue maombi au aombe kuongezewa muda. Barua za kubembeleza, hata zikiwa kumi, hazisimamishi saa. Mwenye hoja ya ubaguzi ana mlango mwingine, yaani ibara ya 50 pamoja na Sheria ya Utekelezaji wa Haki za Binadamu ya mwaka 2019, ambao haubanwi na miezi hiyo mitatu.

Mbele ya Mahakama Kuu

Maombi hufunguliwa kwa hati ya maombi inayoungwa mkono na kiapo, Kampala katika Divisheni ya Madai au katika Mahakama Kuu ya eneo lako kama Arua, Mbale, Gulu au Mbarara. Wilaya hushtakiwa kwa jina lake. Kwa wizara na tume za taifa, anayejibu kwa kawaida ni Mwanasheria Mkuu wa Serikali. Aliyepewa nafasi naye aunganishwe au apewe taarifa, kwa sababu ukiomba uteuzi wake ufutwe, ibara ya 28 inampa haki ya kusikilizwa, na amri iliyopatikana bila yeye ni rahisi kupinduliwa.

Hoja zinazosikilizwa ni tatu, zilizoelezwa vizuri katika uamuzi wa Pastoli dhidi ya Halmashauri ya Wilaya ya Kabale uliochapwa katika ripoti za sheria za Afrika Mashariki za mwaka 2008: uharamu, yaani kutenda nje ya mamlaka, kukosa mantiki kiasi ambacho hakuna mwenye akili timamu angefikia uamuzi ule, na kasoro za utaratibu. Pigana kwenye ya kwanza na ya tatu. Ya pili huonekana tamu kwenye karatasi, lakini majaji hawapendi kupima nani anafaa kazi gani, na wakili anayejaza kurasa kuonyesha kuwa mteja wake alikuwa bora kuliko mshindi anaongea na ukuta. Angalizo la kiufundi: toleo la saba la sheria za Uganda lililoanza kutumika tarehe 1 Julai 2024 limebadilisha namba za vifungu vingi, hivyo usinakili namba kutoka kwenye kesi ya zamani bila kuihakiki.

Jaji anaweza kubatilisha uamuzi, kuzuia usaili usiendelee, kulazimisha tume ifanye kazi yake upya, na kutoa fidia. Hatakupa kazi. Ukishindwa unaweza kuamriwa kulipa gharama za upande wa pili, kwa hiyo pima thamani ya nafasi na ya kesi kabla ya kusaini. Asiye na uwezo aulize katika kliniki ya msaada wa kisheria ya Law Development Centre, Justice Centres Uganda, au, kwa wanawake, FIDA, chama cha wanasheria wanawake.

Ukishinda, amri haijitekelezi yenyewe. Wakili wako aiandike rasmi, isainiwe na msajili, kisha ipelekwe kwa mkono kwa katibu wa tume na kwa afisa tawala mkuu wa wilaya, wote wawili wakisaini kupokea. Nafasi ikitangazwa upya, usidhani ombi lako la awali bado linahesabika. Jaza fomu tena, nakala nne, na uzifikishe masjala kabla ya tarehe ya mwisho.